Kankani ya Moulin Rouge: niliyoiona kwenye televisheni na niliyoiona ukumbini

Usiku wa Julai 26, 2024, sherehe ya kufungua Michezo ya Olimpiki ya Paris ilipokuwa ikirushwa moja kwa moja, mama yangu mdogo alinipigia simu kutoka Tanga. Kwao ilikuwa imeshapita saa mbili na nusu usiku na sebule ilikuwa imejaa majirani. Hakuanza hata na salamu ndefu tulizozizoea. "Mwanangu," aliniuliza, "hao wasichana wa magauni ya waridi wanaocheza kando ya mto, mbona hatuoneshwi miguu yao?" Wasichana aliowauliza walikuwa wachezaji wa Moulin Rouge, kabare ya Paris, yaani ukumbi wa starehe wa ngoma na muziki, yenye umri wa zaidi ya karne moja, na ngoma waliyokuwa wakiicheza ilikuwa kankani, ngoma ambayo sifa yake yote imejengwa juu ya miguu.

Mama mdogo hakuuliza kwa kutojua. Alilelewa na bibi yetu aliyekuwa mcheza lelemama, na lelemama, kwa msomaji ambaye hakubahatika kuiona, ni ngoma ya wanawake wa pwani wanaojipanga mstari na kwenda pamoja kwa utulivu, mkono na bega vikisema yale ambayo mdomo hausemi. Mtu aliyekua akitazama mstari wa wanawake wanaocheza kama mwili mmoja anajua kwamba utamu uko kwenye mstari wenyewe, na mstari ukikatwa vipandevipande kinachobaki ni sura nzuri na nguo nzuri. Swali lake lilinikaa moyoni hadi nilipopanda treni kutoka Brussels, ninakoishi, safari isiyofika saa moja na nusu, nikaenda kuliona kundi lile kwenye ukumbi wake. Ninayoyaandika hapa ni tathmini ya mambo mawili yasiyotenganishika: onyesho lenyewe, na namna televisheni inavyolibeba onyesho la aina hii hadi sebuleni kwetu.

Ukumbi uko nambari 82, Boulevard de Clichy, chini ya kilima cha Montmartre, na ukitoka tu kituo cha metro cha Blanche unakutana nao uso kwa uso. Ulifunguliwa Oktoba 6, 1889, mwaka uleule wa Mnara wa Eiffel, na wafanyabiashara wawili, Joseph Oller na Charles Zidler, waliotaka mahali ambapo tajiri wa mjini na kibarua wa Montmartre wangestarehe chini ya paa moja. Kinu chekundu kilichoupa jina lake ni pambo tu. Mabawa yake yalianguka usiku wa Aprili 25, 2024, baada ya watazamaji kuondoka, na mapya yakazinduliwa Julai 5 mwaka huohuo, wiki tatu kabla ya sherehe ile ya mtoni. Nilipofika nilisimama ng'ambo ya barabara kwa dakika kadhaa nikiyatazama, kwa sababu picha yake nimeiona tangu utotoni kwenye kalenda na kwenye makopo ya biskuti.

Niliingia onyesho la saa tatu usiku. La pili huanza baadaye usiku. Ndani kuna nafasi za watu wapatao 850, meza zimesogeleana, kila moja na kitaa chake kidogo chekundu, na sakafu imepandishwa kwa ngazi kuelekea nyuma ili aliyekaa mbali asikingwe na aliye mbele. Onyesho linaitwa "Féerie", nalo limekuwa jukwaani tangu Desemba 1999. Tangu "Frou-Frou" ya mwaka 1963, maonyesho makubwa ya nyumba hii yote yamepewa majina yanayoanza na herufi F, kwa imani ya aliyekuwa mkuu wake, Jacki Clérico, kwamba herufi hiyo inaleta bahati. Wasanii ni wapatao 60 na mavazi ni karibu 1,000. Manyoya yanatoka karakana ya Février na viatu vinashonwa kwa mkono na mafundi wa Clairvoy, karakana mbili za zamani za Paris ambazo leo ni mali ya Moulin Rouge yenyewe. Kati ya ngoma moja na nyingine huingia watu wa sarakasi, nao ni hodari, lakini sitawaandikia mengi kwa kuwa watu wa aina yao nimewaona kwingineko na sikuja kwa ajili yao.

Nilikuja kwa ajili ya kankani. Ngoma hii haikuzaliwa hapa. Ilikuwa ikichezwa kwenye kumbi za watu wa kawaida wa Paris tangu miaka ya 1830, na mwanzoni wanaume nao waliicheza sana. Moulin Rouge iliipa nyota wake: Louise Weber, aliyejulikana kwa jina la La Goulue, Jane Avril, na yule mwanamume mwembamba aliyeitwa Valentin le Désossé, maana yake Valentin asiye na mifupa. Mchoraji Toulouse-Lautrec aliwachora La Goulue na Valentin katika tangazo la mwaka 1891, na ukilitazama tangazo lile vizuri utaona jambo ambalo wapiga picha wa leo wangefaa kulisoma: mguu umeinuliwa katikati ya picha, gagulo jeupe limeuzunguka, na watazamaji wamefanywa kivuli cheusi nyuma yake. Mchoraji alijua jicho linatakiwa liende wapi.

Pazia lilipofunguliwa kwa kankani, marinda ya bluu, nyeupe na nyekundu yaliujaza ukumbi. Nikamchagua mchezaji mmoja, wa tatu kutoka kushoto, nikamfuata yeye peke yake kwa muda. Mkono wake wa kulia ulikusanya pindo la magagulo yote kwa mpigo mmoja na kuyageuza nje, kama mtu anavyogeuza shuka juani. Mkono wa kushoto ulidaka kifundo cha mguu ukiwa hewani na kuuinua hadi sikioni, naye akazunguka juu ya mguu mmoja uliobaki, huku akitabasamu kana kwamba hakuna kazi yoyote inayofanyika. Wafaransa wanaiita hatua hiyo kwa neno la kijeshi, kwa kuwa mguu umewekwa begani kama askari anavyoweka bunduki. Kisha akapiga kelele. Wachezaji wote wa kankani hupiga kelele, sauti kali fupi inayotoka kifuani pamoja na pumzi, na kwa sisi tuliokulia kwenye vigelegele haihitaji tafsiri. Walipopiga hatua pamoja, maji ndani ya bilauri yangu yalitikisika, na nikausikia mshindo ukipanda kupitia miguu ya kiti. Mwisho wakaruka na kutua chini kwa msamba, mmoja baada ya mwingine mstari mzima, kama wimbi linavyopiga ufukweni kuanzia upande mmoja hadi mwingine. Nilikuwa nimesimama kabla sijajua kwamba nimesimama.

Hapo ndipo nilipolielewa swali la mama mdogo kwa ukamilifu wake. Kila kilichonitoa kitini kilikuwa kitu ambacho televisheni ile haikumpelekea: upana wa mstari, mshindo wa sakafu, na nafasi ya mimi mwenyewe kuchagua wa kumtazama.

Haki itendeke, kwa sababu televisheni haikuanza jana kuhangaika na jambo hili. Nchini Uingereza, Tiller Girls, kundi lililoanzishwa Manchester mwishoni mwa karne ya 19 na John Tiller, mtu wa biashara ya pamba, liliingia kwenye televisheni kila Jumapili kupitia kipindi cha "Sunday Night at the London Palladium" kilichoanza Septemba 1955. Tiller aliwafundisha wachezaji wake kushikana kwa mikono ili warushe miguu kwa usawa kabisa, na usawa huo ulivuka bahari: Russell Markert aliwaona wacheza wa Tiller huko Marekani, akaunda kundi lake mwaka 1925, ambalo leo tunalijua kama Rockettes. Hao nao wameonekana kwenye matangazo ya gwaride la duka la Macy's jijini New York tangu mwaka 1957, watu 36 mstari mmoja, tena juu ya lami. Moulin Rouge yenyewe ilifunga milango yake usiku mmoja, Novemba 23, 1981, ikaenda London kucheza mbele ya Malkia Elizabeth II katika tamasha la kila mwaka ambalo hurushwa na televisheni. Ufaransa ilikuwa na kipindi kizima cha "Le Plus Grand Cabaret du monde", kilichorushwa na kituo cha France 2 kuanzia 1998 hadi 2019, ambamo wageni waliketi kwenye meza ndani ya studio kana kwamba wako kabare kwelikweli. Kwa hiyo ujuzi upo, na umekuwepo kwa takriban miaka sabini.

Tatizo la kwanza ni umbo. Mstari wa wachezaji ni kitu kirefu na chembamba, ilhali kioo cha televisheni, hata hiki cha kisasa chenye vipimo vya 16 kwa 9, si kirefu kiasi hicho. Ukitaka kuuonesha mstari wote, kila mchezaji anakuwa mdogo kama kiberiti. Ukitaka uso wa mmoja, mstari umepotea. Enzi za Tiller Girls kioo kilikuwa karibu mraba, vipimo vya 4 kwa 3, na shida ilikuwa kubwa zaidi. Dawa inayofanya kazi ni ya kawaida sana: kamera inawekwa mwisho wa mstari, chini kidogo, ili mstari upite kwa mshazari kutoka pembe moja ya kioo hadi nyingine. Uso wa aliye karibu unaonekana, miguu yote inapanda na kushuka nyuma yake kama vibao vya kinanda, na hakuna kilichopotea. Picha kama hiyo ikiachwa itulie kwa sekunde kumi tu, mtazamaji wa Tanga anapata sehemu kubwa ya nilichokipata mimi.

Tatizo la pili ni haraka ya kubadilisha picha, na hili ndilo linaloniuma. Kankani ina mapigo yake, na muziki wa mtunzi Offenbach wa mwaka 1858 ambao dunia nzima imeufunga na ngoma hii unakwenda mbio tayari. Mwongozaji wa matangazo akikata picha katikati ya pigo, jicho la mtazamaji linapoteza hesabu: mguu uliokuwa ukipanda hauonekani ukishuka, na msamba unaanza kwa mtu mmoja na kumalizikia kwa mwingine. Mtu aliyefanya mazoezi ya miaka kumi ili aushushe mguu wake sawasawa na wenzake anastahili kuoneshwa akiushusha. Nasema hivi nikikumbuka ngoma zetu wenyewe pia, kwa maana mara nyingi nimeona ngoma ya pwani ikirekodiwa na kamera inayopenda kiuno na uso, ikaacha nyayo, ilhali nyayo ndizo zinazojibizana na ngoma.

Kuhusu usiku ule wa mto Seine, watu wengi walilalamika mitandaoni kwamba wachezaji hawakwenda pamoja. Mimi siwezi kuungana nao kwa ukali uleule. Wasanii 80 walicheza ukingoni mwa mto, kwenye sakafu ya mawe, siku ambayo mvua ilitawala sherehe nzima. Sauti angani huchukua takriban sehemu moja ya kumi ya sekunde kusafiri mita 34. Katika mstari mrefu wa nje, walio mwisho mmoja na walio mwisho wa pili wanaweza kulisikia pigo lilelile kwa nyakati mbili tofauti, na kwa ngoma ya kasi hiyo sehemu moja ya kumi ya sekunde ni pengo linaloonekana kwa macho. Ukumbini, ambako jukwaa ni dogo na muziki uko juu ya vichwa vyao, niliwaona wakienda pamoja hadi kwenye pumzi. Heshima yangu kwao iliongezeka nilipofikiria kwamba watu waliozoea mbao kavu na taa za joto walikubali kwenda kurusha miguu kwenye hali ile, mbele ya watazamaji ambao Ufaransa peke yake walizidi milioni 20.

Nisiionee televisheni, maana ina mambo ambayo ukumbi hauwezi. Mkono wa mchezaji unavyofanya kazi ndani ya magagulo, jinsi vidole vinavyotafuta pindo bila macho kushuka, ni jambo ambalo kamera ya karibu hulionesha vizuri kuliko meza yoyote. Manyoya nayo: nikiwa kwenye kiti changu niliona wingu la rangi, lakini picha ya karibu humwonesha mtazamaji kila unyoya ulivyofungwa mmojammoja, na fundi wake anapata heshima yake. Tena ndani ya Moulin Rouge hairuhusiwi kupiga picha wala kurekodi wakati wa onyesho. Naiunga mkono sheria hiyo kwa moyo wote, kwa sababu ukumbi usio na simu zilizonyanyuliwa ni ukumbi unaotazama kweli. Lakini maana yake ni kwamba mtu asiyeweza kusafiri ana mlango mmoja tu, nao ni matangazo yaliyofanywa kwa idhini ya nyumba yenyewe. Mlango ukiwa mmoja, unapaswa kutengenezwa vizuri.

Kuna kitu kimoja ambacho nadhani hakuna kamera itakayokivusha, nacho ni kujibizana. Kwetu, mwimbaji wa taarab akigusa mahali panapouma, mtu huinuka kitini, huenda akicheza polepole hadi jukwaani, akamtunza kwa noti, na mwimbaji huutazama mkono huo na kuurudia ubeti kwa ajili yake. Paris hakuna kutunza, lakini nililiona jambo la ukoo huohuo: makofi ya kufuata pigo yalipoanzia meza za nyuma, mstari wa wachezaji ulijibu kwa kelele kali zaidi, na kasi ikaonekana kuongezeka ingawa muziki ni wa kurekodiwa na hauwezi kubadilika. Kilichobadilika kilikuwa nguvu yao. Bibi mmoja wa meza jirani, ambaye jioni nzima alikuwa amekaa kimya mikono mapajani, alikuwa akipiga meza kwa kiganja.

Niwatahadharishe wasomaji wangu jambo moja bila kuzungukazunguka. Katika ngoma kadhaa za "Féerie" baadhi ya wachezaji wa kike hucheza vifua wazi, kama ilivyo desturi ya kabare kubwa za Paris. Ukumbi unakubali watoto kuanzia miaka sita wakiwa na wazazi, lakini kila familia ina mipaka yake, na ni vizuri kujua kabla ya kununua tiketi kuliko kuinamisha kichwa gizani. Kankani ya Olimpiki ilioneshwa kwa mavazi kamili, na kwa upande huo mama mdogo na majirani zake walitazama kwa raha bila mtu kutafuta rimoti. Kankani yenyewe, hata ukumbini, huchezwa vifua vikiwa vimefunikwa.

Bei si ndogo. Tiketi ya onyesho bila chakula huanzia karibu na yuro 90 na hupanda kulingana na siku na msimu. Ukitaka kula pale, chakula huanza saa moja jioni na gharama hupita yuro 200 kwa mtu mmoja. Mimi nilichukua onyesho peke yake, nikala mapema kwenye mkahawa mdogo wa Montmartre, na sioni kama nilikosa kitu kilichonileta. Asiyekunywa kilevi aseme mapema. Kaptula na kandambili haziruhusiwi.

Kwa atakayebaki na televisheni, ushauri wangu ni kutafuta kioo kikubwa kuliko vyote vilivyo nyumbani na kuongeza sauti hadi kelele za wachezaji zisikike juu ya muziki. Usiitazame kankani kwenye simu iliyosimama wima, kwa sababu simu iliyosimama wima ni adui wa mstari wowote.

Na kwa atakayekwenda Paris: wageni hupangiwa meza na wahudumu, lakini unaweza kuomba kwa adabu wakati wa kuingia. Watu hupigania meza zilizobanwa na jukwaa. Mimi ningeomba ngazi ya katikati, mkabala na jukwaa, mahali ambapo mstari wote unaingia jichoni kuanzia mchezaji wa kwanza hadi wa mwisho, na sakafu inaonekana chini ya kila buti. Nimeanza kuweka akiba kwa ajili ya tiketi mbili za mahali hapo, moja ikiwa ya mama mdogo, naye ameshaniuliza kama kule kuna baridi mwezi wa tano.